Nyumba Ikiisha, Naegesha

Mama Pindo hakuwa mtu wa kubana wateja, na hilo ndilo lililomponza. Alishona mapazia katika chumba cha mbele cha nyumba yake: cherehani mbili, meza ndefu ya kukatia, na rafu ya vitambaa iliyofika darini. Jina lenyewe alipewa na wateja, maana pazia lake ungeligeuza upande wa nyuma ukakuta pindo limenyooka vile vile kama la mbele. Hakukubali kumkabidhi mtu pazia lenye pindo la kwenda upande, hata kama mwenyewe amesema hajali. "Wewe hujali, lakini jina ni langu," angekwambia, na ungengoja.

Biashara yake ilikwenda hivi. Mteja anakuja, anapimiwa madirisha, anatajiwa bei. Akigutuka, na karibu wote waligutuka, Mama Pindo anamwambia alete kidogo kidogo. Ukishindwa miezi mitatu chukua sita, ukishindwa sita chukua mwaka, mradi usinikimbie. Bei ilibaki ile ile. Aliyelipa kwa wiki moja na aliyelipa kwa mwaka mzima walitoa kiasi kimoja, tena yule wa mwaka alifaidi na kikombe cha chai kila alipoleta chake. Kwa Mama Pindo muda haukuwa bidhaa. Ulikuwa heshima unayompa mtu aliyebanwa, na aliamini, kama tunavyoamini sote juu ya mambo tuliyoyazoea, kwamba dunia nzima inauza hivyo.

Mumewe aliendesha lori la masafa marefu, akipokezana usukani na dereva mwenzake. Sisi tutamwita Dereva, maana hata mama yake mzazi alifika mahali akamwita hivyo. Alikuwa mwembamba, mcheshi, na mkono wake wa kulia ulikuwa mweusi kuliko wa kushoto kwa sababu ya jua la dirishani. Walikuwa na binti mmoja. Nyumba waliinunua kwa mkopo wa benki wakati binti huyo anang'oka meno ya utoto: vyumba vitatu, korido nyembamba, ua wa saruji wa kuanikia nguo. Mkopo ulikuwa wa miaka kumi na mitano.

Siku ya kutia saini Dereva alivaa shati jeupe, akawaambia watu wa benki kwa mzaha, "Nyumba ikiisha, naegesha." Maana yake ni kwamba deni likiisha ataegesha lori, ashuke, asiguse tena usukani wa mtu. Watu wa benki walicheka. Mkewe hakucheka, aliyashika maneno yale kama ahadi. Tangu siku hiyo ikawa ndiyo salamu yao ya simu.

"Imeisha?" angeuliza Dereva kutoka huko aliko.

"Bado kidogo, baba."

"Basi wacha nichape lami."

Siku zake za nyumbani zilikuwa mbili au tatu kwa mwezi, na siku hizo alikuwa mgeni wa heshima. Alipewa kikombe kizuri. Binti alimwamkia kwa adabu ile ambayo watoto humwamkia nayo mjomba wa mbali, kisha akaenda zake kucheza. Akitaka kuwasha taa ya korido alipapasa ukuta wa kulia, na swichi ilikuwa kushoto, miaka yote ilikuwa kushoto. Mama Pindo aliona lile jambo kila mara, akacheka kila mara, na kila mara baada ya kucheka kuna kitu kilimchoma.

Mambo ya pesa yalikuwa mikononi mwake. Mume analeta, mke anapanga, na Dereva hakuwahi kuuliza zimekwenda wapi. Mwaka wa nne lori likaharibika, likalala gereji muda mrefu, na mwajiri akawa anatoa nusu mshahara. Rejesho la mwezi likawaelemea. Mama Pindo akajikaza, akaenda benki, akaeleza shida yake bila kuficha. Ofisa wa siku hiyo, bwana mmoja mnene mwenye sauti ya taratibu, akamsikiliza mpaka mwisho, akabonyeza bonyeza mashine yake, akasema inawezekana. Watamrefushia muda, na rejesho la mwezi litashuka.

Alitoka pale mwepesi. Nusura amkumbatie mlinzi wa mlangoni. Alimpigia mumewe simu akamwambia, "Wale watu ni waungwana, wamenifanyia kama ninavyowafanyia wateja wangu." Na kwa kuwa hakuwa mtu wa kupokea wema akakaa nao kimya, alirudi kupima dirisha la chumba cha mikopo, akawashonea mapazia ya buluu yenye bitana nzito, marinda yamehesabiwa, akayatundika kwa mkono wake mwenyewe. Hakuna aliyemwomba, na hakutaka hata senti.

Mwaka wa tisa ada za shule ya bweni zikapanda, akaenda tena. Wakamrefushia tena, rejesho likashuka tena. Akawapelekea pete mpya za mapazia.

Karatasi za benki zilikuja, hilo sitawanyima haki yao. Zilikuja kila mwaka, na kila kitu kilikuwa kimeandikwa humo. Mama Pindo alitafuta mstari mmoja tu, ule wa kulipa kwa mwezi, akishauona alifunga bahasha. Mengine aliyaweka kichwani kwa njia aliyoijua. Aliijua bei ya nyumba, alijua ametoa ngapi, akawa anapunguza. Na asije akaonekana mroho, aliwaongezea benki faida sawa na bei yenyewe. Wacha nao wale, alijisemea, wametuvumilia. Ule muda mrefu wa kwenye karatasi aliuona kama mwaka anaompa mteja: ni ruhusa ya kwenda polepole, na mwenye kumaliza mapema amemaliza.

Kwa hesabu hiyo nyumba iliisha mwaka wa kumi na tano, pale pale waliposema tangu mwanzo. Binti alikwisha kuwa mtu mzima, ameajiriwa mji mwingine. Dereva alikuwa anaukaribia umri wa miaka sitini, mgongo unamsumbua, na taa za magari yanayokuja mbele zilikuwa zimeanza kumpotea machoni. Alipopiga simu na kuuliza swali lake la siku zote, Mama Pindo alimjibu, "Imeisha."

Dereva akasema, "Rudia."

"Imeisha, mume wangu. Rudi nyumbani."

Siku iliyofuata alimwambia mwajiri wake kwamba safari ile ni ya mwisho. Lori likapewa kijana mwingine.

Mama Pindo alikwenda benki asubuhi amevaa nguo yake ya kutokea, na mkononi ana mfuko wa kitambaa aliouungia bitana ndani ili hati ya nyumba isikunjamane. Bwana mnene hakuwepo tena. Katika chumba cha mikopo alikuta dada mmoja kijana, mwenye miwani na adabu zake.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Nimekuja kuchukua hati yangu."

Dada akaomba jina, akaandika, akaangalia mashine. Akaangalia kwa muda mrefu kuliko ulivyohitajika, kisha akainuka, akafunga mlango, akarudi kukaa. Mtu akifunga mlango kabla ya kukujibu, mwili wako unakuwa umekwisha kujua.

"Mama, hati bado. Deni lipo."

"La mwezi huu? Nimekuja nalo."

"Siyo la mwezi huu tu. Imebaki miaka kumi na minne. Deni lenyewe limepungua kama robo, robo tatu bado zipo."

Mama Pindo akacheka kwa upole, kama unavyocheka na mtoto aliyekosea hesabu. Akamweleza yule dada bei ya nyumba, akamweleza walicholipa. Dada akatikisa kichwa kukubali yote. Akasema ni kweli kabisa, mmekwisha kulipa bei ya nyumba hii mara mbili na zaidi.

"Sasa deni gani tena?"

Dada alivua miwani. Hakuwa mtu mbaya, nisije nikamsingizia. "Mama, kila mnapoleta pesa, riba inakula kwanza. Ikishashiba, kinachobaki ndicho kinachopunguza deni. Miaka ya mwanzo inakula karibu yote. Inachukua muda mrefu mpaka deni lenyewe lianze kushuka vizuri. Sasa nyinyi kabla hamjafika hapo mkaomba kurefusha, na kurefusha ni kama kuanza upya. Mkaanza tena, halafu mkaanza tena."

"Lakini nilipunguziwa."

"Ulipunguziwa mwezi, mama. Deni halikupunguzwa. Ile miezi iliyoongezwa kila mmoja una riba yake."

"Mimi mtu akichelewa simwongezei kitu," alisema Mama Pindo. "Bei ni ile ile. Namwongezea muda tu."

"Hapa muda ndio tunaouza, mama," dada akasema taratibu, na usoni alionekana anatamani asingekuwa yeye wa kulisema.

Mama Pindo aliinua macho, maana hakuweza kumtazama, akayaona mapazia. Rangi ya buluu ilikuwa imepauka kidogo, lakini pindo lilikuwa limenyooka. Dada alifuata macho yake, akaona labda amepata la kumtulizia mgeni. Akasema mapazia yale ni mazuri, aliyakuta pale alipoajiriwa, na hakuna mtu ofisini anayejua nani aliyashona.

"Labda ni mtu tu wa mtaani," alijibu Mama Pindo, akaukunja mfuko wake mtupu.

Njiani hakulia. Aibu ilikuwa kubwa mno hata akashindwa kulia. Angeibiwa angepiga kelele, watu wangejaa, mwizi angekimbizwa. Lakini yeye alikwenda kwa miguu yake, mara mbili, akaomba, akapewa alichoomba, akashukuru.

Dereva alifika siku mbili baadaye, ameshusha kila kitu chake kutoka kwenye lori: godoro dogo lililokunjwa, jiko la gesi, sufuria moja nyeusi, blanketi, na redio iliyofungwa kwa utepe. Alikuwa na furaha ya mtoto aliyefunga shule. Alizunguka nyumba akiikagua, akauliza maji yanafungwa wapi, huu mlango wa ua unalia tangu lini, na dirisha la jikoni linatazama kwa nani. Alikaza bawaba. Alipigilia msumari ukutani akatundika kofia yake ya kazi, akarudi nyuma hatua chache kuitazama. Mama Pindo alimpikia, akamwandalia maji ya kuoga, akamcheka alipopapasa swichi ukuta wa kulia. Kila alipofungua mdomo kumwambia, aliishia kumwuliza kama ameshiba. Siku ya kwanza ilipita hivyo, na ya pili.

Siku ya tatu, wamekaa uani baada ya chakula cha mchana, Dereva alisema, "Hebu lete hiyo hati niione. Nimeiendeshea miaka yote hiyo, sijawahi kuiona sura."

Akamwambia. Hakuzunguka wala hakujitetea, alianza na neno "nimekosea" akamaliza na miaka kumi na minne. Dereva alisikiliza huku anasugua kiganja kwenye goti. Alipoona mkewe amemaliza akauliza jambo moja tu, likiisha nitakuwa na miaka mingapi, na kabla hajajibiwa akapiga hesabu mwenyewe, akaguna.

"Kwa nini hukuniuliza?" akasema.

"Ungekuwepo ningekuuliza."

Lilimtoka tu. Hakulipanga, na angeweza angelirudisha mdomoni. Dereva aliinama kama aliyepigwa, kisha akainuka, akaenda ndani. Alipomfuata alimkuta anakunja blanketi lake la lori.

"Unakwenda wapi?"

"Kwa bosi. Atanipa hata gari bovu. Miaka kumi na minne siyo milele, na nikifa kabla yake watakuwa wamepata hasara wao." Alijaribu kucheka. Dereva alikuwa na mzaha wake hata katika kilio.

"Macho huna. Mgongo huna."

"Barabara naijua, siihitaji macho."

"Tuiuze," akasema Mama Pindo.

Hapo ndipo Dereva alipokasirika, mara ya kwanza katika ndoa yao yote, hata majirani wakasikia. Alisema amelala kwenye kiti cha lori nusu ya maisha yake kwa ajili ya kuta hizi. Alisema amekula vumbi, ameumwa mbali na nyumbani, amekosa mahafali ya mwanawe, amekosa maziko ya mama yake mwenyewe, na kila alipokosa alijiambia ipo nyumba. Leo unataka kuiuza, kwa hiyo nilikuwa wapi. Aliuliza hivyo, "Nilikuwa wapi?" kisha akakaa kitandani na blanketi lake mapajani.

Mama Pindo alikaa kando yake. Alikuwa anaipenda nyumba ile kuliko alivyowahi kumwambia mtu. Alizijua nyufa zake zote, alijua ni saa ngapi jua linaingia chumba cha kukatia, alijua sauti ya kila mlango. Kuitoa kulikuwa kama kung'oa jino zima lisilouma.

"Baba," akasema, "wale watu nimewaelewa sasa. Nilidhani tunawapa pesa. Pesa tumetoa, sawa, zimekwenda. Lakini tulichowapa ni wewe. Mimi niliwapa wewe, mwezi baada ya mwezi, nikaona nimepunguziwa. Sasa wanataka miaka kumi na minne mingine, na mimi sina mume mwingine wa kuwapa."

Dereva alilitazama blanketi mapajani. Hakulikunja tena.

Nyumba haikukaa sokoni muda mrefu. Walikuja maharusi, bado wana ile haya ya kushikana mikono mbele za watu, na walitaka kununua kwa mkopo wa benki ile ile. Bibi harusi alipita chumba kwa chumba akigusa kuta. Mama Pindo alimvuta jikoni, akamwambia kila kitu bila kujionea haya. Akamwambia usiulize kwa mwezi ni ngapi, uliza mpaka mwisho jumla ni ngapi, na wakuandikie. Siku mkibanwa wakakwambia watakupunguzia, uliza wanaongeza wapi. Na mkipata chochote cha ziada, hata kidogo, pelekeni kwenye deni lenyewe mapema, siyo mwishoni, maana mwishoni riba imekwisha kula.

Bibi harusi alisikiliza kwa adabu. "Asante, mama," akasema. "Lakini sisi ya mwezi tunaimudu kabisa." Halafu akauliza kama mapazia yanabaki.

"Yanabaki," alisema Mama Pindo.

Benki ilichukua chake kwanza. Kilichosalia kilitosha kodi ya vyumba viwili nyuma ya karakana ya maseremala, na akiba kidogo ya ugonjwa. Cherehani moja iliuzwa, ya pili ikawekwa karibu na dirisha. Binti alikuja kuwasaidia kuhama. Alipoagana na baba yake alimkumbatia kwa uangalifu, kama anayeogopa kukosea, na Dereva naye hakujua mikono aiweke wapi.

Alikuwa nyumbani sasa, kila siku, asubuhi mpaka jioni. Mama Pindo alikuwa amengoja jambo hilo ujana wake wote, na lilipofika alikuta hawajui la kuongea baada ya salamu. Kwenye simu waliongea vizuri zaidi. Dereva hakuweza kulala kitandani, mgongo ulikwisha kuzoea kitu kingine. Alilala kwenye kiti kando ya mlango, wima, mikono juu ya magoti, kama alivyolala miaka yote pale dereva mwenzake aliposhika zamu.

Alasiri moja lori kubwa lilipita barabara ya nyuma, likatikisa vioo. Dereva alifumbua macho nusu. Alimtazama mkewe bila kumtambua, mtu fulani tu aliyekaa upande wa pili, ameshika gurudumu la cherehani kama anayeshika usukani.

"Tumefika?" akauliza.

Mama Pindo alitoa mguu kwenye kanyagio. Alitaka kumwambia asamehe. Alitaka kumwambia jina lake, na jina la binti yao, na kwamba huu ni mchana, na hakuna mzigo wa kushusha.

"Tumefika, baba," akasema. "Lala tu."

Dereva akafumba macho, bado amekaa wima. Mama Pindo hakuirudia cherehani asije akamwamsha. Alikaa pale na pazia la mtu mapajani, akalia bila sauti, mpaka maseremala walipofunga kazi.